Manowari Yamato ilipaswa kurudi

Mhariri,

Makala ya mhakiki wako kuhusu Space Battleship Yamato, filamu ya Kijapani ya mwaka 2010 iliyoongozwa na Takashi Yamazaki, inalaumu mambo mawili: kwamba Yuki Mori, aliyekuwa muuguzi na mtazamaji wa rada katika katuni ya televisheni ya 1974 iliyozaa filamu hii, amefanywa rubani wa ndege za kivita, na kwamba maadui wanaotoka sayari ya Gamilas, waliokuwa watu wa ngozi ya buluu, wamegeuzwa viumbe vya mfano wa fuwele. Lawama hizo naona zimekwenda kando. Yuki anayeigizwa na Meisa Kuroki ana kazi ya kufanya, na waigizaji waliopakwa rangi ya buluu wangetuchekesha tu.

Kosa la filamu hii liko mwishoni, na ambaye hajaitazama anaweza kuishia hapa.

Mfululizo wa 1974, wenye vipindi 26, unaanza mwaka 2199, dunia ikiwa imeharibiwa na mionzi na watu wakiishi chini ya ardhi. Yamato, manowari ya angani, inatumwa sayari ya Iscandar, umbali wa miaka ya nuru 148,000, ikalete mtambo wa kusafisha mionzi, na kila kipindi kinafungwa kwa kutaja siku zilizosalia kabla binadamu hawajaangamia. Hesabu hiyo ndiyo roho ya hadithi, kwa maana kufika Iscandar hakumsaidii mtu asipokuwapo wa kurudi. Jina la meli nalo halikuokotwa njiani. Yamato ya kweli, manowari ya Japani ya Vita Kuu ya Pili, ilitumwa kisiwa cha Okinawa bila matarajio ya kurejea, ikazamishwa tarehe 7 Aprili 1945 pamoja na mabaharia zaidi ya 2,500. Yoshinobu Nishizaki na Leiji Matsumoto, waundaji wa katuni ile, waliichukua meli iliyokwenda kufa wakaipa safari yenye marejeo.

Yamazaki alikuwa na dakika 138 tu, hivyo simlaumu kwa kuifupisha safari. Tena ameongeza jambo zuri: nahodha Okita anamfunulia Kodai, kijana aliye mhusika mkuu, kwamba habari ya mtambo wa Iscandar aliibuni yeye mwenyewe, ili watu wawe na tumaini la kushika. Ila akishawafikisha karibu na nyumbani, mwongozaji anaazima tamati ya filamu ya katuni ya 1978: Kodai, anayeigizwa na Takuya Kimura, anawaondoa wenzake, anabaki peke yake na kuilipua meli pamoja na adui. Katika filamu ya 1978 kifo hicho kilikuwa cha hadithi nyingine, Yamato ikiwa imekwisha kurudi salama kutoka Iscandar. Kukipachika kwenye safari ya kwanza ni kuirudisha meli mwaka 1945, na kumfanya kijana anayekufa kwa amri ya moyo wake aonekane bora kuliko anayerudi kujenga.

Uchungu unazidi kwa kuwa kifo cha Okita, anayeigizwa na Tsutomu Yamazaki, kimetunzwa vema: mzee anaiona dunia tena, anaitamani, anakata roho. Filamu ingefungwa hapo, nisingekuandikia. Wasomaji wanaotaka safari nzima, kwenda na kurudi, nawashauri waitafute Yamato 2199, katuni iliyoanza kuonyeshwa mwaka 2012, ambayo haikuharakisha kumuua mtu yeyote kwa ajili ya machozi.

Wako,
Msomaji, Tanga