Barua kwa mwanangu anayetaka kuja kusaidia na kaseti

Mwanangu, mamako ameniambia unataka kuja tuhamishe zile kaseti za mahojiano ziingie kompyuta, na eti ukamuuliza hii kazi ya kufuata wanamuziki wa kantri ilinipa nini kweli. Pesa haikunipa, hiyo unajua, umevaa mitumba mpaka sekondari.

Nyumbani Kenya tulikua na Jim Reeves, yule mwimbaji wa kantri wa Marekani, Jumapili redio ikiwaka babu yako hasemeshwi, kwa hivyo nilipofika Nashville, mji wa kantri kule Marekani, nilitaka kuhoji wakubwa tu. Lakini staa amehojiwa mpaka majibu yamelainika mdomoni. Ukitaka maisha yenyewe tafuta dereva, mpiga fidla, mjane, yule dada wa kushika simu studio. Hank Williams, staa mkubwa wa kantri, alifia kiti cha nyuma cha gari usiku wa kuamkia 1 Januari 1953, akiwa na miaka 29 tu, na wa kukusimulia ile safari alikuwa kijana wa chuo aliyekuwa kwa usukani, si meneja wala nani.

Alafu kuna DeFord Bailey, huyu ndiye ananiuma. Mtu mweusi, mwili mdogo ju ya polio ya utotoni, akishika hamonika unasikia treni inakuja kabisa. Alikuwa staa wa Grand Ole Opry, ile shoo ya kantri ya redio ya Nashville, tangu miaka ya 1920, wakienda shoo na wenzake weupe umati unamshangilia yeye, usiku hoteli hazimtaki. 1941 wakamwachisha, akabaki anang'arisha viatu vya watu hapo hapo Nashville. Na aliyekuwa mkubwa wa shoo akaja kuandika kwamba jamaa alikuwa mvivu, hajifunzi nyimbo mpya! Kumbe mwaka huo redio zilikuwa zinazozana na ASCAP, wale wa kukusanya mirabaha, na nyimbo zake zenye watu walizoea zikawa haziruhusiwi hewani. Haya yake mwenyewe tunayajua ju miaka ya 1970 kijana wa ofisi ya nyumba za serikali, kule mzee alikuwa anaishi, alikaa naye chini akamsikiliza miaka na miaka. Ofisi ya nyumba, si gazeti, na mji umejaa waandishi wa muziki. Mzee alikufa 1982, Country Music Hall of Fame, wale wa kuenzi magwiji wa kantri, wakamwingiza 2005, piga hesabu mwenyewe.

Sasa ukija usitumbukize kaseti kwa mashine ovyo, zingine utepe umeshikana, zizungushe polepole kwanza. Maandishi ya kwa kava usiyaamini sana, sikiliza mwanzo huwa nataja jina na tarehe. Zenye X nyekundu ni za watu walioniomba zisitoke wakiwa hai, wengine wameshaenda lakini watoto wao wapo, hizo weka kando tutaongea. Na beba ile waya ya kuunganisha, hapa sina.

Babako