Mbwa wa manyoya mazito asinyolewe, achanuliwe

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi nizungumze na wanaofuga mbwa wa manyoya mazito, kama German Shepherd, Husky na Chow Chow. Joto likipanda, wengi hukimbilia mashine ya kunyolea. Tafadhali waiweke kando.

Mbwa hawa wana manyoya ya aina mbili: ya ndani, laini na ya kushonana, na ya nje, marefu na magumu, yanayokinga ngozi na jua. Mbwa hujipoza hasa kwa kuhema, si kwa kutoka jasho mwili mzima, kwa hiyo kumnyoa hakumpi nafuu tunayoitarajia. Tena manyoya ya ndani huota upesi kuliko ya nje. Koti linarudi na mabaka, pengine baada ya miezi mingi, na huku nyuma ngozi inaungua jua. Kinachomtesa ni manyoya ya ndani yaliyokwisha kung'oka yakakwama humo humo. Hayo ndiyo ya kutoa.

Mchanue akiwa mkavu, kabla ya kumwogesha, maana fundo likilowa hukaza na halifunguki tena. Mlaze ubavu, anza chini ya mguu wa nyuma ukipanda. Kiganja kimoja kiinue manyoya hadi uone mstari wa ngozi. Mkono wa pili uyashushe kidogo kidogo kwa brashi ya meno ya waya, bila kukandamiza, kwani ncha zake huchubua. Kisha pitisha kitana cha chuma kuanzia kwenye ngozi. Kikikwama, bado hujamaliza, hata kama mbwa anang'aa kwa juu. Hapa ndipo wengi hudanganyika.

Mafundo hujificha nyuma ya masikio, makwapani, chini ya mkanda wa shingo na nyuma ya mapaja. Shika shina la fundo kwa vidole ili lisivute ngozi, ulifumue kuanzia ncha. Nawasihi sana, msipitishe mkasi chini ya fundo: ngozi huwa imevutwa ndani yake, na mnaweza kuikata bila kuiona. Fundo likigandamana na ngozi sehemu kubwa, mbwa apelekwe kwa daktari wa mifugo. Hapo mashine ina haki yake.

Maji ya kuogea yawe vuguvugu, na shampuu iwe ya mbwa, kwa sababu ya watu haiendani na ngozi yake. Izimuliwe kama chupa inavyoelekeza, la sivyo haifiki chini. Kusuuza kuchukue muda mrefu kuliko kupaka sabuni, mpaka maji yatoke safi kabisa.

Kukausha ndiko kunakopuuzwa. Kandamiza taulo, usisugue, maana kusugua huzaa mafundo mapya. Ukitumia mashine ya kukaushia nywele, weka hewa baridi au vuguvugu na usiitulize mahali pamoja. Tenganisha manyoya ya mapajani na nyuma ya masikio, uguse mashina. Unyevu ukibaki hapo, mbwa hujilamba na kujikuna, na ndani ya siku moja unaweza kukuta kidonda chekundu kinachotoa majimaji.

Mchanue mara mbili kwa wiki. Msimu wa kupukutisha manyoya, kila siku.

Wako,
Mtunza mbwa