Binti yangu anataka kusomea mawe, na mimi namuunga mkono

Mhariri, habari za kazi. Naomba nafasi kwenye gazeti lako niseme jambo ambalo limenikaa rohoni tangu mwezi uliopita.

Binti yangu kamaliza form six, alikuwa anasoma PGM (fizikia, jiografia na hesabu), na kwenye kuomba chuo akaweka jiolojia chaguo la kwanza. Sasa tulikuwa na kikao cha ukoo cha harusi, watu wakamuuliza mtoto unaenda kusoma nini, akajibu mwenyewe bila woga, baba yake mdogo akasema mbele ya watu wote, "Mwanangu, ada yote hiyo tuliyochanga, ndo ukasomee mawe? Si bora hata unesi." Watu wakaitikia. Mtoto akainama. Na mimi nikakaa kimya, na huo ukimya wangu ndo unaoniuma mpaka leo, maana pale ndani kama kuna mtu alikuwa na sababu ya kumtetea ni mimi.

Nieleze sababu yenyewe. Nina kiwanja huku Ntyuka, na kabla ya kuanza kujenga nikaamua nichimbe kisima kabisa ili fundi asiwe anasubiri boza la maji kila siku. Nikapata watu wa kuchimba, wakaja na rigi lao, hawakupima chochote, wakaniuliza tu mzee unataka wapi, na mimi kwa kutojua nikawaonyesha kona ambayo niliona tenki litakaa vizuri. Wakachimba mita 120. Ni vumbi jeupe tu lilikuwa linatoka kutwa nzima, jioni wakafungasha, na hela walichukua yote maana wao wanalipwa kwa mita, maji yatoke yasitoke. Miezi minne baadae jirani yangu, kutoka kwangu mpaka kwake hata mita 200 hazifiki, akachimba mita 65 akapata maji. Tofauti yetu ni kwamba yeye alianza kwa kuita mtu wa kupima.

Mimi nikasema bahati yake. Binti akanikatalia, akasema baba hiyo sio bahati, akaniita twende kwenye lile jiwe kubwa nyuma ya nyumba akaanza kunieleza, na nakiri nimeishi Dodoma tangu nazaliwa lakini sikuwahi kuelezwa mawe ya kwetu ni kitu gani. Akaniambia angalia hizi punje, nyeupe, za pinki, nyeusi zinazometa, zote kubwa unaziona kwa macho. Hii inaitwa graniti, ilikuwa uji wa moto ukapoa taratibu sana ndani ya ardhi, kilometa kadhaa chini, na kwa sababu ulipoa taratibu punje zikapata muda wa kukua. Ina maana vilima vyote hivi tunavyoviona, kuanzia Mlimwa mpaka haya mawe yaliyopandana kama mtu kayapanga, viliwahi kuwa chini kabisa, halafu ardhi iliyokuwa juu yake ikaliwa na mvua na upepo mpaka vikabaki wazi. Umri wake ni zaidi ya miaka bilioni 2.5. Dunia yenyewe ina kama bilioni 4.5, kwahiyo jiwe la nyuma ya nyumba yangu limekuwepo zaidi ya nusu ya umri wa dunia.

Sasa turudi kwenye kisima. Graniti nzima haina vitundu vya kushika maji, ni kama sahani. Maji yanakaa sehemu mbili tu, pale juu ambapo mwamba umeoza ukawa kama changarawe, na kwenye nyufa. Ukichimba kwenye mwamba mzima unaweza ukaenda chini mpaka pesa zako ziishe, ukichimba kwenye ufa unapata. Na ufa hauonekani kwa macho, ndo maana wapimaji wanapitisha umeme kwenye ardhi, wanaangalia wapi unapita kwa shida na wapi unapita kirahisi, kwasababu mwamba uliooza na wenye unyevu unapitisha umeme vizuri kuliko mwamba mkavu mzima. Kupima nako sio uhakika wa asilimia mia, ila ni mbali sana na kunyoosha kidole kama nilivyofanya mimi.

Hiyo ndo sayansi ya dunia, Mhariri, au wengine wanaita sayansi ya ardhi. Sio mawe peke yake. Ni elimu ya hii dunia yenyewe na namna vitu vyake vinavyoshikana, mwamba, udongo, maji ya juu na ya chini, bahari, hewa, matetemeko, volkano. Jiolojia ni tawi mojawapo, na anayetabiri mvua na anayepima kina cha bahari nao wako kwenye mti huohuo.

Na mfano wa jinsi vinavyoshikana upo hapahapa kwetu. Maji ya mjini Dodoma kwa miaka mingi yametegemea visima vya Makutupora, kaskazini kidogo ya mji. Mvua zetu kila mtu anazijua, msimu mmoja tu kuanzia Desemba mpaka Aprili, kwa wastani hata milimita 600 hazifiki, na jua linavukiza mara nyingi zaidi ya hapo. Sasa watu wakawa wanajiuliza kisima kinachovutwa kila siku kwenye nchi kame namna hii kinajazwa na nini? Bahati nzuri kuna watu waliokuwa wanapima kina cha maji pale tangu miaka ya 50 na kuandika, wakaja wengine wakaendelea, mpaka zikafika kumbukumbu za miaka 55. Mwaka 2013 watafiti wakatoa majibu yao, kwamba miaka mingi pale chini hakuingii maji ya maana kabisa, yanashuka tu, halafu inakuja miaka michache ya mvua kubwa kupita kiasi ndo yanapanda. Mvua za El Nino za 1997/98 tunazozikumbuka kwa kubomoa nyumba na kukata barabara ndo zilijaza Makutupora kuliko wakati mwingine wowote kwenye kumbukumbu zile.

Nilipoelewa hilo nilikaa nikafikiria sana. El Nino inaanzia bahari ya Pasifiki, maji ya juu ya bahari yakipata joto kuliko kawaida, hewa inabadilika, na huku kwetu mvua inamwagika. Kwahiyo ndoo ya maji niliyokuwa nachota mwaka 2005 inawezekana ilitokana na mvua iliyochochewa na bahari ambayo sijawahi kuiona, ikashuka kwenye mto Kinyasungwe Mdogo ambao muda mwingi ni mchanga mtupu, ikazama kwenye mchanga huo ikakaa chini ikinisubiri. Na kama yule karani aliyekuwa anashusha kamba kisimani mwaka 1960 angeona ni kazi ya kijinga tusingejua haya. Tungekuwa tunavuta tu bila kujua akiba inajaa lini.

Kuna hili la nyumba pia, nalo naomba watu wanisikilize maana viwanja sasa hivi vinauzwa kama njugu. Wazee wa Kigogo wanasimulia jina la mji huu limetokana na tembo aliyekuja kunywa maji kwenye kijito cha Kikuyu akazama kwenye tope, watu wakasema idodomya, amezama. Mimi hadithi hiyo nimeisikia tangu mtoto na nilikuwa naichukulia kama hadithi, kumbe ndani yake kuna taarifa ya udongo. Ule udongo mweusi wa mbugani ni mfinyanzi ambao ukilowa unavimba na ukikauka unasinyaa mpaka unapasuka mipasuko ya kuingia mguu. Ukijenga juu yake kwa msingi wa kawaida, masika unanyanyua nyumba, kiangazi unaishusha, na haiinui pande zote sawa, kwahiyo ukuta unachanika kutoka dirishani kwenda juu. Nimeona nyumba nzuri kabisa za watu wastaafu, mafao yote yameingia pale, ufa unapitisha mkono. Watu wanamlaumu fundi au wanasema kuna mkono wa mtu. Ni udongo. Hata kabla ya kulipia kiwanja ungeweza kuchimba shimo kina cha mtu ukaangalia chini kuna nini, au ukaja kuangalia kiwanja mwezi wa kumi wakati mipasuko ipo wazi.

Ukitoka hapa kwenda Singida, unapita Bahi kwenye tambarare lile la mpunga, halafu pale Saranda gari inaanza kupanda kwenda Manyoni. Ule mpando ni ukuta wa bonde la ufa. Afrika inachanika, upande wa mashariki unaondoka kidogokidogo, milimita chache kwa mwaka, na sisi wa katikati tunaishi mwishoni mwa mchaniko huo, ndo maana mara mojamoja usiku vyombo vinagongana kabatini. Na mchaniko huohuo ndo uliozaa volkano za kaskazini yetu, na miamba ya volkano ndo inayotia floraidi kwenye maji ya sehemu nyingi za Arusha, Manyara mpaka Singida, unaona mtoto mzuri anacheka meno ya kahawia. Kiwango kinachoshauriwa ni kisizidi miligramu 1.5 kwa lita. Maji yanaonekana masafi kabisa kwenye glasi, huwezi kujua mpaka yapimwe.

Hanang siwezi kuiruka. Tarehe 3 Desemba 2023 asubuhi tope na mawe vilishuka Katesh na vijiji vya karibu, watu zaidi ya 80 wakafa. Nilikuwa na rafiki zangu kule, sitaki kueleza zaidi. Wataalamu walipopanda walisema sehemu ya mlima yenye mwamba dhaifu ilikuwa imenyonya maji ya mvua mpaka ikazidiwa ikameguka. Mlima Hanang ni volkano ya zamani, na miamba ya namna ile ikishaoza ni tofauti na graniti yetu hii ngumu. Mimi sisemi kwamba mtu angeweza kutabiri siku na saa, hapana. Ila kujua ni korongo gani tope litapita likija, na wapi mtu asijenge, hilo linawezekana, na anayelijua ni huyo anayesomea mawe.

Sasa wale wanaosema sio kazi ya mtoto wa kike nawajibu kwa mfano huu. Shimo lenye kina kuliko yote ambalo binadamu wamewahi kuchimba lipo Urusi, mita 12,262, na kutoka tunapokanyaga mpaka katikati ya dunia ni kilometa 6,371, yaani hatujachimba hata ganda la yai. Na bado tunajua kwamba katikati kabisa kuna kiini kigumu, kimezungukwa na kingine cha kimiminika. Aliyegundua kiini hicho cha ndani ni mwanamama wa Denmark, Inge Lehmann, mwaka 1936, kwa kuangalia mawimbi ya matetemeko yalivyopita ndani ya dunia, likiwemo tetemeko la New Zealand la 1929, akaona kuna mawimbi yanatokea mahali ambapo yasingetakiwa kutokea kama kiini chote kingekuwa cha namna moja. Hakushika sururu. Alikaa na karatasi na penseli na akili yake. Binti yangu amebandika jina lake ukutani.

Kuhusu ajira, ambalo ndo swali la shemeji na mashangazi, madini yapo, rubi za Winza kule Mpwapwa, dhahabu Singida, jasi Itigi, kila mtu anayajua hayo sina haja ya kuyarefusha. Ila naona tunakosea tukidhani hii elimu ni ya kutafuta vito tu. Wanaotoka Kondoa wanakumbuka mradi wa Hifadhi Ardhi Dodoma ulioanza 1973, ardhi ilikuwa imeliwa na makorongo mpaka haifai, na 1979 mifugo ikaondolewa kabisa. Watu waliumia, ng'ombe kwetu ndo benki, na sidhani kama walisikilizwa vya kutosha. Lakini majani yalirudi. Kama elimu ile ingekuwa vichwani mwa wafugaji wenyewe miaka ishirini kabla isingefika mahali pa kufukuza ng'ombe.

Kinachonishangaza ni kwamba haya yote yapo mlangoni kwetu. Taasisi ya Jiolojia na Utafiti wa Madini ipo hapahapa Dodoma, ilianzishwa 1925, ina ramani za miamba ya nchi nzima. Chuo Kikuu cha Dodoma kinafundisha. Chuo cha Madini kipo. Lakini mwananchi anayeuza mbuzi achimbe kisima hajui hata pa kuanzia kuuliza, kama mimi sikujua.

Kwahiyo ombi langu kwako Mhariri ni moja. Mnayo kurasa za michezo kila siku na za siasa hazihesabiki. Tupeni hata nusu ukurasa kwa wiki, mjiolojia au mtu wa maji au wa hali ya hewa aandike kwa Kiswahili chetu hiki cha kawaida, watu watume maswali ajibu, udongo wa mtaa wangu ukoje, kwanini kisima changu kina chumvi, hili jiwe ni nini. Na kama inawezekana ianze mapema kiangazi hiki na ianze na visima, maana rigi zinazunguka mitaani sasa hivi na watu wananyoosha vidole. Ya misingi ya nyumba itoke kabla ya mvua za Desemba.

Na kwa baba mdogo, najua gazeti hili unalisoma. Siku ile nilinyamaza. Mtoto anaenda kusoma jiolojia, na ada nitalipa.

Mzazi, Ntyuka, Dodoma