Tusisahau mapaa ya stesheni

Ndugu Mhariri,

Makala yenu ililililia lango la stesheni ya Euston, London, lililoanza kubomolewa mwaka 1961. Sawa, lilikuwa la fahari. Lakini lango lile halikubeba hata bati moja la paa! Ufundi wenyewe uko kwenye stesheni ya Newcastle, kaskazini mwa Uingereza, iliyofunguliwa 1850. Msanifu majengo John Dobson alitakiwa kufunika reli zinazopinda, hivyo paa nalo likapinda nazo. Mbavu zake za chuma hazikukatwa kwenye bamba pana, kazi ya hasara tupu. Zilipitishwa katikati ya rola, yaani magogo ya mashine ya kubana chuma, zilizochongwa mshazari, zikatoka zimeshapinda. Treni bado zinapita chini yake. Mkiandika tena, tuwekeeni picha iliyopigwa kutoka jukwaani kuelekea juu.

Msomaji wenu,
Tanga