Filta yako ina makaa ya vifuu: usiyarudishe jikoni

Swali tunaloulizwa sana dukani, hasa na wateja wa Kisauni, Likoni na Mikindani waliofunga filta kubwa za tangi, ni hili: makaa ya filta yakishachoka, si yapashwe moto tu yarudi kazini? Bi mmoja mwenye tanuri la mikate alituletea yake kwenye ndoo, yangali yanachuruzika maji, akataka tumwambie ayaoke kwa saa ngapi. Hoja yake ilikuwa na mantiki. Makaa yamezaliwa motoni, basi moto uyasafishe. Na kweli, viwanda vikubwa vya maji hufanya jambo la namna hiyo. Lakini tanuri la mikate halifai, jiko la makaa ndilo halifai kabisa, na tungependa kila mteja aijue sababu, maana inatokana na kitu kilekile kinachotufanya tuuze makaa ya vifuu na kukataa unga mweusi wowote unaoletwa na wachuuzi.

Tuanze na kifuu chenyewe. Hapa pwani hakuna asiyekijua: nazi imekunwa, tui limekamuliwa, limebaki gamba gumu linalotengenezewa upawa au kutiwa motoni likawake. Kikichomwa ndani ya tanuri lisiloingiza hewa, kwa nyuzi 400 hadi 700 za sentigredi, hutoka mvuke, moshi na lami, na kinachobaki kwa sehemu kubwa ni kaboni. Kitazame kipande hicho kwa karibu. Mpindo wa kifuu bado upo, na ukingo pale kilipovunjwa bado ni mkali. Kimesinyaa na kuwa cheusi, lakini hakikuyeyuka hata kidogo. Hilo la kutoyeyuka lishike, kwa sababu mengine yote yanalitegemea.

Atomi za kaboni hupenda kushikana kwa pembesita, zikafanya tabaka lenye unene wa atomi moja. Tabaka hizo zikilaliana sawasawa, kwa nafasi ya nanomita 0.335 kati ya moja na nyingine (nanomita ni sehemu moja ya bilioni ya mita), hiyo ndiyo grafiti. Unaishika kila siku kwenye penseli, ikiwa imechanganywa na udongo wa mfinyanzi, na majirani zetu wanayo ardhini, Mahenge kule Tanzania na Cabo Delgado kule Msumbiji. Ukiisugua kidoleni inateleza, kwa kuwa tabaka huachana kwa urahisi. Ndiyo maana penseli huandika. Ila kati ya tabaka zilizobanana hivyo uchafu wa maji hauna pa kuingia. Filta iliyojazwa grafiti isingekufaa kitu.

Mtu angeweza kudhani kaboni yoyote ikipewa joto la kutosha mwishowe itajipanga na kuwa grafiti. Aliyeonyesha kwamba sivyo ni Rosalind Franklin, mwanakemia wa Uingereza ambaye wengi wanamjua kwa picha zake za DNA. Kabla ya DNA alikuwa mtu wa makaa. Wakati wa Vita vya Pili vya Dunia alichunguza vitundu vya makaa ya mawe huko London, kisha akahamia Paris na kuzipima kaboni za namna nyingi kwa eksirei. Mwaka 1951 alichapisha matokeo yake: kaboni zina makundi mawili. Ziko zinazogeuka grafiti zikipashwa hadi kukaribia nyuzi 3000, kama koki (si ya bomba, bali kaboni ngumu) inayotokana na lami ya makaa ya mawe. Na ziko zinazokataa, hata kwa joto hilohilo. Kaboni ya sukari imo katika kundi hili la pili, na kaboni ya vifuu vyetu pia.

Kati ya vitu alivyovichoma Franklin ilikuwemo PVC, plastiki ileile ya mabomba yanayoleta maji mpaka kwenye filta yako. PVC ikipashwa moto pasipo hewa hutoa kwanza gesi ya hidrojeni kloridi, kisha hulainika ikawa kama lami. Katika hali hiyo ya umajimaji, vipande vya tabaka za kaboni hupata nafasi ya kugeuka, kusogea na kulaliana. Ikija kuwa ngumu, mpangilio umeshaanza, na joto likipanda sana huwa grafiti. Plastiki nyingine ya ukoo huohuo, polivinilidini kloridi, haipiti hatua ya kuyeyuka, na kaboni yake haiwi grafiti. Zote mbili ni nyeusi mkononi, zote ni kaboni. Tofauti yao iliamuliwa mapema, kwenye joto dogo, kabla hata tanuri kubwa halijawashwa. (Usijaribu hili uani. Moshi wa PVC unachoma mapafu.)

Kifuu nacho kimejaa lignini na selulosi, vitu vinavyojenga mbao na magamba ya mimea, vyenye oksijeni nyingi. Joto linapoanza kupanda, minyororo yake hufungana huku na huku kabla haijapata kulainika, na ikishafungana haifunguki tena. Vipande vidogo vya tabaka za kaboni hutokea, lakini kila kimoja kimeshikwa na majirani zake kikiwa kimeelekea upande wake. Chukua rimu ya karatasi mpya. Hiyo ni grafiti. Halafu chukua karatasi zizo hizo, uzifinyange moja moja, uzishindilie kwenye gunia. Hicho ni kifuu. Ulikandamize gunia hilo upendavyo, karatasi hazitarudi kuwa rimu, na kati yake itabaki mianya. Baada ya mwaka 1985, zilipogunduliwa molekuli za kaboni zilizoviringana kama mpira, baadhi ya watafiti walianza kueleza kwamba tabaka za kaboni kama hizi zimepinda kwa sababu kuna pembetano zilizojipenyeza katikati ya pembesita. Sisi tunaliona elezo hilo zuri sana.

Hiyo mianya ndiyo unayoilipia. Mingi ni midogo kuliko nanomita 2. Makaa yakitoka tanuri la kwanza, vitundu hivyo bado ni vichache na vimezibwa na mabaki ya lami, kwa hiyo kiwandani hupitishiwa mvuke wa maji kwa nyuzi 800 hadi 1000. Mvuke hula kaboni kidogo kidogo, hufungua vitundu na kuvipanua. Gramu moja ya makaa ya vifuu yaliyoamshwa vizuri huwa na eneo la ndani la takriban mita za mraba 1000. Mwaka 1918 Wamarekani walikusanya vifuu na kokwa za matunda ili watengeneze barakoa za kuwakinga askari na gesi ya sumu, na kilichotafutwa kilikuwa vitundu hivihivi.

Kwa haki, tanuri la mvuke halifiki hata nusu ya joto la Franklin, na kwa nyuzi 900 hakuna kaboni ya kawaida inayogeuka grafiti. Tunalolitegemea ni kile kifungo cha ndani: kilekile kinachoizuia kaboni isijipange ndicho kinachoacha mianya wazi na kuifanya punje kuwa ngumu. Kwenye tangi linalosukumwa na pampu, ugumu huo ni jambo kubwa. Makaa ya mti wa kawaida hupukutika yakawa unga, unga ukaziba filta au ukaja kutokea kwenye gilasi.

Ukitaka kuviona vitundu vikifanya kazi, njoo siku tunapofungua gunia jipya. Makaa huwa tunayaosha mpaka maji meusi yakatike, kisha tunayaloweka usiku kucha kabla ya kuyafunga. Yanapotiwa ndooni husikika sauti nyembamba ya kuchemka ingawa maji ni baridi, na kila punje hupandisha uzi wa viputo vidogo. Hiyo ni hewa inayofukuzwa na maji yanayoingia. Asubuhi bado kuna punje zinazotoa. Fundi asiyeloweka anamfungia mteja filta iliyojaa hewa, na maji hupita pembeni bila kugusa sehemu kubwa ya makaa.

Sasa kazi yenyewe. Maji ya mfereji ya Mombasa hutoka mbali, Mzima Springs na Baricho, na mengine Marere na Tiwi, nayo hutiwa klorini ili yafike salama. Klorini hainaswi tu kwenye vitundu. Inapogusa uso wa kaboni humenyuka nao ikawa kloridi, na harufu ya dawa ikaisha papo hapo. Harufu ya tope, rangi ya majani yaliyooza na mabaki mengi ya dawa za kuulia wadudu hushikwa kwenye vitundu, na hukaa humo.

Chumvi haishikwi. Hili tunalisema kwa sauti, kwani wapo wanaouziwa filta ya makaa kwa ahadi ya kuondoa chumvi ya kisima. Chumvi iliyoyeyuka hupita kwenye makaa kama haikuona kitu. Chokaa inayotokana na mawe yetu ya matumbawe, ile inayoacha utando mweupe ndani ya birika, nayo hupita. Floraidi na nitrati pia, kwa makaa ya kawaida. Kama kisima chako ni cha chumvi unahitaji mashine ya kutoa chumvi, na hapo makaa hukaa mbele yake kama mlinzi, kwa sababu klorini huiharibu membreni, yaani ule utando wa ndani ya mashine unaozuia chumvi. Vijidudu ndio kabisa: makaa hayaviui, na kwa kuwa yameondoa klorini vinaweza hata kuzaliana humo. Maji ya kisima chochote kilicho karibu na choo cha shimo, chemsha au weka taa ya kuulia vijidudu baada ya filta.

Ndipo turudi kwenye lile tanuri la mikate. Vitundu vikijaa, kinachohitajika ni kuvitoa vilivyomo bila kuyachoma makaa yenyewe. Tanuri la mikate kwa kawaida halifiki nyuzi 300. Litakausha maji na kufukuza harufu chache nyepesi, basi. Vitu vizito vitabaki, vingine vitaungua nusu na kuziba vitundu zaidi. Jiko la makaa joto linalo, lakini lina hewa. Kaboni isiyogeuka grafiti bado ni kaboni, na ikiwa nyekundu mbele ya oksijeni inawaka kama makaa mengine. Utaanza na ndoo, utaishia na jivu. Na kwa kuwa makaa yanayoungua hutoa kaboni monoksaidi, gesi isiyo na harufu na inayoua, kazi hiyo ndani ya nyumba ni hatari ya kweli. Kiwandani makaa yaliyochoka hupitishwa kwenye tanuri linalozunguka, kwa nyuzi kama 800 hivi, kukiwa na mvuke na oksijeni iliyobanwa sana. Hata hapo sehemu fulani hupotea kila mara na hujazwa mapya. Kwa tani nyingi inalipa. Kwa kilo chache za tangi la nyumbani, kuyasafirisha tu kungekula faida yote, kwa hiyo sisi tunabadilisha.

Wengi hubadilisha kwa kukisia. Njia bora iko wazi na haihitaji fundi. Tunauza vidonge vya kupimia klorini, vilevile vinavyotumika kupimia maji ya mabwawa ya kuogelea. Jaza gilasi moja kabla ya filta na nyingine baada yake, tia kidonge katika kila moja. Ya kwanza itageuka rangi ya waridi kama mfereji una klorini. Ya pili ikibaki nyeupe, makaa yako yangali hai na usitumie pesa. Ikianza kuona haya kidogo, yako ukingoni. Zikilingana, unachuja kwa jina tu. Katriji ndogo ya nyumbani kwa kawaida huenda miezi 6 hadi 12, lakini nyumba yenye watu wengi au maji machafu hufika mapema zaidi, na gilasi mbili zitakuambia kuliko kalenda. Maji ya kisima yasiyotiwa klorini hayawezi kupimwa hivi. Kwayo, harufu ikirudi ndiyo ishara, na ni bora kubadilisha kabla haijarudi.

Unaponunua, popote pale, bana punje kati ya vidole viwili. Ya kifuu haipukutiki upesi, wala haitelezi na kuacha mng'ao wa kijivu kama penseli. Muulize muuzaji kipimo cha iodini cha makaa yake, yaani kila gramu inameza miligramu ngapi. Makaa mazuri ya vifuu huwa karibu na 1000 au zaidi. Asiyejua namba hiyo hajui anachouza.

Kwa wateja wetu, kubadilisha makaa ya tangi ni pamoja na kuyaosha, kuyaloweka na kupima klorini pande zote mbili ukiwa umesimama hapo hapo. Mwenye kisima atuletee kwanza chupa ya maji tumpimie chumvi. Upimaji ni bure, na kama makaa hayatamsaidia tutamwambia kabla hajatoa hata shilingi. Makaa ya zamani, yakiwa yalichuja maji ya mfereji, changanya na udongo wa vyungu vya maua. Ya kisima chenye mafuta au harufu ya kemikali, tuachie sisi tuyatenge.