Verdun watu hawakuchoka, walikufa

Mhariri,

Miaka kumi na moja nanunua gazeti lenu sijawahi kuwaandikia hata mstari, ila ile makala ya Jumapili ya Verdun, kule Ufaransa walikopigana Mfaransa na Mjerumani Vita Kuu ya Kwanza, imenishinda. Mmeandika mara nne, nimehesabu, kwamba vilikuwa "vita vya kuchoshana". Kuchoshana! Utadhani jamaa walikuwa wanacheza bao wakasinzia.

Mwaka juzi binti yangu anayefanya kazi Ufaransa alinipeleka Douaumont, hapohapo Verdun, kuna jengo refu lenye mnara, kwa nje chini lina vidirisha vidogo, nikainama kuchungulia nikajua ni stoo. Mifupa bwana. Mafuvu, mapaja, mbavu, vyote vimerundikwa kama kuni, watu zaidi ya 130,000, Mjerumani na Mfaransa humohumo, nani ni nani hakuna ajuaye. Nilishindwa kuinuka, binti akadhani presha imepanda. Halafu ninyi mnaniambia walichoshana! Kuanzia Februari 21 mwaka 1916 mpaka Desemba, miezi kumi, wamekufa kama watu 300,000, wengine wamefukiwa hai kwenye mahandaki, kijiji cha Fleury kimenyang'anywa huku na huku mara 16 mpaka kikaisha, leo kina meya ila mkazi hata mmoja hakuna, na baada ya yote hayo mstari wa mbele ukarudi karibu palepale ulipoanzia. Barabara ya kutoka mji wa Bar-le-Duc kwenda Verdun lori lilikuwa linapita kila sekunde 14, limejaa vijana na makombora, wale vijana walikuwa wanapelekwa kuchoka?

Na wala hamkugusia kwamba Mfaransa alipoinyakua tena ngome ya Douaumont kwa Mjerumani Oktoba 24, Wasenegali na Wasomali walikuwemo jeshini mwake. Sishangai, maana hata ya hapa nyumbani hamyaandiki. Nimeuliza wauza viatu watatu Kariakoo hilo jina limetoka wapi, mmoja kanijibu ni Kichina! Ni Carrier Corps jamani, wapagazi wa jeshi la Mwingereza vita hiyohiyo, walikufa makumi kwa maelfu, kuhara, malaria, njaa, na wengi wala hawajaandikwa majina popote.

Ombi langu dogo tu. Hilo neno "kuchoshana" likirudi tena gazetini, pembeni yake wekeni idadi ya waliokufa, herufi kubwa kama zile za matangazo ya kubeti ukurasa wa nyuma. Nafasi ikiwa finyu punguzeni mikeka.

Mwalimu mstaafu wa historia,
Temeke