Barua ya wazi kwa mpwa wangu aliyeitazama Baltic Storm

Mpwa wangu mpendwa,

Nimeusoma ujumbe ulioutuma kwa jamaa wote baada ya kuitazama filamu ya Baltic Storm, ukisema kwamba hatimaye umeujua ukweli kuhusu Estonia, ile meli ya abiria iliyozama katika Bahari ya Baltiki mwezi Septemba 1994, na kwamba sisi wakubwa zako tulidanganywa. Nimeamua kukujibu hadharani kwa sababu wako vijana wengi walioipokea filamu hiyo kama ulivyoipokea wewe, na kwa sababu msiba wenyewe uliondoa roho 852, nao unastahili kuzungumzwa kwa uangalifu.

Filamu hiyo ya mwaka 2003 inamfuata mwandishi wa habari wa Kijerumani, anayeigizwa na Greta Scacchi, akifukua habari za zana za kijeshi za Kirusi zilizosafirishwa kwa siri na za mlipuko uliotegwa ndani ya meli. Imejengwa juu ya madai ya mwandishi halisi, Jutta Rabe, aliyeufuatilia msiba huo kwa miaka mingi.

Shaka yako ina msingi, na nisingependa uitupe. Baada ya ajali, serikali ya Uswidi iliamua kutoitoa miili baharini, kisha ikapanga kuyafunika mabaki ya meli kwa zege, mpango ulioanza kutekelezwa na baadaye ukaachwa. Mkataba wa mwaka 1995 ukapiga marufuku kuyazamia mabaki hayo. Mwaka 2004 televisheni ya taifa ya Uswidi ikafichua, na mwaka uliofuata serikali ikakiri, kwamba mara mbili katika Septemba 1994 meli hiyo hiyo ya abiria ilibeba vifaa vya kijeshi vya Kisovieti bila wasafiri kujua lolote. Aliyefiwa na mke au mtoto humo, akisikia hayo miaka kumi baadaye, ana haki ya kushuku kila neno aliloambiwa kabla. Mimi pia ningeshuku.

Hata hivyo, safari mbili za siri si ushahidi wa mlipuko katika safari ya tatu, na hapo ndipo filamu inaporuka hatua ambayo haikuwa na haki ya kuiruka. Uchunguzi haukupata ushahidi kwamba usiku wa tarehe 28 Septemba meli ilikuwa na shehena ya aina hiyo.

Jambo lililothibitishwa ni la kawaida zaidi, na kwangu mimi ndilo linalotisha zaidi. Estonia ilikuwa ikitoka Tallinn kwenda Stockholm ikiwa na watu 989, katika dhoruba ambayo meli nyingine za njia ile zilikuwa zikisafiri ndani yake. Omo yake, yaani sehemu ya mbele ya meli, ilikuwa na kifuniko cha chuma cha tani 55 hivi, kilichonyanyuliwa juu bandarini ili magari yapite, na nyuma yake palikuwa na ngazi ya kupandishia magari iliyokunjwa kama mlango wa pili. Mawimbi yalikipiga kifuniko hicho hadi makomeo yake yakakatika; nacho kilipong'oka kiliivuta ngazi ile ikafunguka. Kutoka chumba cha nahodha, kifuniko hakikuonekana kabisa. Fundi mmoja aliyekuwa chini, katika chumba cha kuendeshea mitambo, aliyaona maji kwenye kioo cha kamera yakipenya pembeni mwa ngazi.

Sitaha ya magari katika meli za namna hiyo ni ukumbi mmoja mrefu usio na kuta za kuyazuia maji, kwa hiyo yakishaingia hukimbilia upande mmoja na kuilaza meli. Ombi la msaada lilitumwa saa saba na dakika 22 usiku, na kabla ya saa nane meli ilikuwa imetoweka kwenye rada. Fikiria mtu aliyeamshwa usingizini katika vyumba vya chini, akijaribu kupanda ngazi ambayo tayari imegeuka kuwa ukuta. Waliookoka walikuwa 137 tu.

Utaniuliza kuhusu lile tundu la takribani mita nne ubavuni mwa meli ambalo wapiga filamu wengine walilionyesha mwaka 2020. Nami nilishtuka nilipoliona, na nashukuru kwamba walithubutu, kwa kuwa kazi yao ndiyo iliyolazimisha uchunguzi mpya wa Estonia, Ufini na Uswidi. Taarifa ya awali ya Januari 2023 ilisema kwamba uharibifu wa ubavu ule unalingana na kuangukia miamba ya chini ya bahari, na kwamba hakuna dalili ya kugongwa wala ya mlipuko. Iliongeza jambo zito zaidi: meli haikustahili kuwa baharini katika njia ile, kwani muundo wa omo haukukaguliwa ipasavyo tangu ilipoundwa mwaka 1980.

Hilo ndilo filamu inalotunyang'anya. Ikishatupatia majasusi, haitulazimu tena kumtafuta ofisa aliyetia sahihi cheti bila kwenda kuyaona makomeo. Wewe umezaliwa Mombasa, na unajua kwamba mwezi Aprili wa mwaka ule ule wa 1994 kivuko cha Mtongwe kilipinduka, wakafa watu 272. Hapakuwa na jasusi Mtongwe. Palikuwa na kivuko kilichopakiwa kupita uwezo wake, na walioachia kipakiwe.

Naomba uitazame tena Baltic Storm ukiwa na taarifa ya mwaka 2023 mkononi, kisha uniandikie ni muda gani filamu inautumia kwa makomeo ya omo na kwa waliopewa kazi ya kuyakagua.

Mjomba wako